Kisanduku cha Tatu

Fomu ina visanduku vitatu:
jina la kwanza, jina la baba, jina la ukoo.
Serikali yapenda kila mtu awe na vyumba vitatu,
hata aliyezaliwa uani.

Mimi ndimi nikaaye nyuma ya kioo, dirisha la nne,
mwaka wa kumi na tisa sasa,
feni juu yangu yalia kama mbuzi.

Kuna usiku stima ilipotea mji mzima, Likoni hadi Bamburi,
na wanawake wanne wakajifungua
kwa mwanga wa simu ya mkunga.
Wiki ya pili wakanijia, wamefuatana kama shanga.
Mtaita akasema, Mwakio.
Mkamba akasema, Mutuku.
Mjaluo akasema, Atieno.
Wa Kuze, buibui limemteleza begani, akasema, Leila.
Nikaandika neno moja mara nne:
usiku, usiku, usiku, usiku.
Wenyewe hawakujua. Waligombania kalamu.

Bi. Siwatu wa Kibokoni alizaliwa
mamake kagombana na mawifi.
Kesi ile si yake,
ameibeba miaka themanini na mbili,
na mawifi wote wamekwisha kuzikwa.

Daktari Sopariwala: wazee wake waliuza popoo.
Yeye azibua meno yaliyoharibiwa na tambuu.
Jina lilikopa, mjukuu alipa.

Charo Kazungu alikuja na mwanawe, Kazungu Charo.
Wa tumboni, akiwa mume, ni Charo tena.
"Sisi hatufi," akaniambia, "twapishana kitini tu."
Charo ni safari.
Feri yenyewe hajawahi kuipanda.

Basi mimi.
Kisanduku changu cha tatu chasema Dziwa.
Shuleni Kisauni waliniuliza: ziwa gani,
la maji au la mama?
Nikacheka nao, nisije nikalia.
Baba, ukimsukuma sana, husema:
"Andika tu. Hilo ndilo tulilolikuta."

Mpaka alipokuja dereva wa trela, mtu wa Blantaya,
kumsajili mtoto aliyempata Changamwe.
Akasoma kibandiko kifuani mwangu, akatabasamu:
"Na wewe wajua nini, mama?"
Kwao, dziwa ni jua.
Si jua la kuanikia nguo. La kichwani.

Nikaenda kwa shangazi Kengeleni, nikamkalia mpaka akasema.
Bibi wa bibi yetu aliteremshwa pale na manowari,
minyororo imekatwa juzi, miaka tisa, labda kumi.
Mwenye kitabu akamuuliza kwa lugha asiyoisikia.
Naye akamjibu kwa lugha ya mamake:
Sindidziwa.
Sijui.
Hakujua aulizwa nini.
Mwenye kitabu akaandika, akakausha wino,
akaita: anayefuata.

Wanawe waliliona refu, wakalinyoa.
Si ikaanguka. Ndi ikaifuata.
Hivyo ndivyo Sijui ilivyokuwa Jua,
na vizazi vinne sasa twajua,
ila hatujui nini.
Na lile jina jingine,
ambalo mamake alimwitia chakula jua likizama,
hakuna kitabu kilichowahi kuliuliza vizuri.

Leo, saa tisa kasorobo,
msichana wa Maweni, mtoto mgongoni, arubaini jana.
"Jina?" nikauliza kwa mazoea,
macho yangu karatasini.
Kimya. Kisha, polepole:
"Sijui."

Wino ulikuwa umeshagusa kisanduku.
Nukta moja.
Nikainua kalamu.
Nikafungua mlango wa pembeni, nikatoka na kiti changu,
nikamwambia, kaa, mwanangu, kaa kwanza.

Foleni ikaguna.